Neno Moja Sikulitafsiri

Nilikuwa mdomo wa sinema, Birere,
kabla lava haijapita pale.
Ukumbi wa mbao, mabenchi kumi na mawili,
jenereta ikikohoa nyuma ya ukuta,
na mimi kando ya kioo, kipaza sauti mkononi,
nikigeuza Kifaransa kuwa Kiswahili chetu
mbio mbio, kabla midomo yao haijafunga.

Filamu ile ilikuwa na umri kutuzidi.
Mwanamke, mwanamume, chumba cha kupanga, mvua.
Basi.
Lakini aliyeipiga aliujua mwanga:
aliuacha utambae sakafuni kama paka,
ukapanda kitanda, ukatua begani pa yule dada,
hata vijana wa chukudu, waliokuja kwa ajili ya mapaja,
wakanyamaza.
Nilisikia mvua ya filamu
nikadhani ni bati letu.

Jumapili mchungaji Bauma akaitaja madhabahuni.
Jumatatu akina mama wa kwaya wakaziba mlango kwa nyimbo.
Shefu wa mtaa akaja kukagua uchafu,
akaukagua mpaka mwisho,
akaomba urudishwe nyuma kidogo.
Nami nikasimama juu ya benchi: hii ni sanaa!
Mwili si tusi!
Bado naamini hivyo.

Kavugho, muuza sambusa wa pale mlangoni,
hakuwa upande wowote.
Alingoja nizime jenereta.
"Pale alipogeuzia uso ukutani,
yule dada alisema nini?"
"Alisema: mpenzi."
Akafunga beseni lake kwa kitenge.
"Kifaransa sikijui, Paluku.
Ila sauti ile naijua."

Alisema: ngoja.
Mara mbili. Ya pili haikuwa ya kuigiza;
mwigizaji huvuta pumzi kwanza,
yeye hakuvuta.
Usiku tisa nililisikia, usiku tisa nikalimeza,
kwa kuwa watu wamelipa,
kwa kuwa mwanga ulikuwa mzuri,
kwa kuwa neno dogo kama lile
lingeubomoa ukuta mzima wa uzuri.

Tukagombania shuka na chuchu,
kanisa kule, mimi huku,
na katikati yetu mtu anasema ngoja, ngoja,
kila jioni saa moja na nusu,
kwa faranga mia.

Kisha mlima ukashuka, ukala ukumbi,
ukala kaseti na mabenchi.
Juu ya mawe meusi sasa kuna duka la simu.
Mwanga ule ninao bado.
Nikifumba macho unatambaa,
na siwezi kudanganya kwamba haukuwa mzuri.

Juzi nilikwenda Katindo, kwenye mgahawa wa Kavugho.
Hakuniuliza kitu. Alikuwa anakanda unga.
"Alisema ngoja," nikamwambia, kwa sauti ya chini,
wateja wasisikie.

Mikono yake haikusimama.
"Sema kwa nguvu," akasema,
"kama ulivyokuwa ukiyasema yale mengine."