Chuma Chunguni

Mvua ya Rasht haina adabu ya kupiga hodi.
Imeingia tangu Jumanne; leo ni Ijumaa
na mama ameketi sakafuni, miguu ameinyoosha,
nyundo ya viatu mkononi, anavunja jozi.
Ko. Ko. Ndani, nusu mbili zimegeuziana mgongo,
ukuta mwembamba katikati.
Ananusa kila moja, isije ikatuletea uchungu wa ghala,
na moja katika kila kumi huishia kinywani mwake.
"Ushuru," asema.

Tarane anasaga.
Mke wangu wa miezi minne, mwana wa Kashan,
huko wanakochemsha mawaridi hadi yatoe jasho,
huko sukari hutiwa hata kwenye salamu.
Anasaga mpaka unga unashikamana,
mpaka kinu kinang'aa mafuta.
"Tena," asema mama.
Anasaga tena.

Kisha maji baridi, kisha moto mdogo,
mdogo kiasi kwamba ukikohoa karibu nao unazimika.
Chungu kinanong'ona kama watu wanaosengenya matangani.
Kuku amekatwa vipande vinane, amekaangwa na kitunguu
hadi ngozi ikashika rangi ya shaba;
sasa yuko sahanini, anasubiri, hana haraka,
yake yamekwisha.

Ugomvi uko mezani.
Mama ana chupa ya komamanga chachu, nyeusi kama wino,
aliichemsha mwenyewe mwezi wa Mehr,
vidole vikabaki na madoa hadi theluji ya kwanza.
Tone moja ulimini, na masikio yanasogea nyuma.
Tarane ana kopo la sukari.
"Vijiko viwili tu, mama. Vya kuliamsha tunda."
"Tunda halijalala."
"Lakini kwetu..."
"Kwenu mnapika peremende, kisha mnamtumbukiza kuku."

Mlango ukagongwa: Bi Esmat, anarudisha mwavuli.
Mama akatoka.
Tarane akanitazama. Nikatazama dirisha.
Kopo likafunguka. Kijiko. Kijiko.
Kikafuata cha tatu, ambacho hakikuwa kwenye mazungumzo.
Sikuona kitu. Mtu anayeziba matairi ya baiskeli
hujua tundu lipi la kuziba
na lipi la kuacha lipumue.

Mama akarudi, akachovya, akalamba.
Kimya.
Akaenda ukutani, akashusha kiatu cha farasi,
cha yule jike wa babu aliyekufa kabla sijazaliwa,
akakichoma hadi kikawa chekundu,
akakishika kwa koleo,
akakizamisha chunguni.
Mvuke ukawafunika wote wawili, nikabaki
nasikia sauti tu.
"Chuma huupa mchuzi weusi wake,"
alikuwa akimwambia Tarane,
kwa sauti niliyokuwa sijaisikia ikimwendea,
"na weusi, mwanangu, huficha mengi."

Saa tatu nzima. Mafuta yakapanda juu,
kuku akazama humo hadi mabegani,
na mimi nikaitwa kuwa hakimu.
Kijiko kimoja. Macho manne.
Uchachu ulifika kwanza, umevaa viatu;
utamu ukaja nyuma yake, unyayo mtupu,
na mwisho kabisa chuma,
kama neno lililomezwa.
Nikaogopa. Nikasema,
"Umepungua chumvi."

Wakageuka pamoja.
"Chumvi!" akasema mama.
"Chumvi?" akasema Tarane.
Kwa mara ya kwanza tangu harusi
walikubaliana jambo: mimi sijui kula.

Mama akaubandua ukoko wa wali,
mzima, duara, wa rangi ya zafarani,
akauvunja katikati kwa magoti yote mawili ya vidole,
nusu kwa Tarane, nusu kwake.
Wakatafuna wakitazamana,
ukoko ukialika kama kuni kavu,
na nje mvua ikiendelea na mambo yake.

Mimi nilipewa shingo.
Niliifyonza hadi mfupa ukawa mweupe,
na sikuomba chumvi.