Rupia Mia Tisa

Pesa ziko kwenye ncha ya sari, mafundo mawili,
la pili kalifunga Ramkali
kwa sababu hakuliamini la kwanza.
Rupia mia tisa za wanawake kumi na mmoja,
nyingine bado zinanuka vitunguu saumu
tunavyomenya kwa kilo, uani kwa Bitto.

Nimekuja Amroha kwa treni ya alfajiri kutafuta dholaki,
tusiazime tena ile ya mke wa mhasibu
anayeitoa kwa mikono miwili na kuidai kwa macho kumi.
Mwaka jana aliifuata harusi haijaisha,
tukamalizia kwa beseni.

Mtaa mzima ni vumbi la mbao.
Magogo yaliyotobolewa yamepangwa juani.
Mtoto anachungulia ndani ya moja,
ananikuta upande wa pili,
anacheka.

Fundi Taslim Saifi ananionyesha kwanza yenye skrubu,
nyekundu, inang'aa kuliko gari la bwana harusi.
"Elfu mbili na mia mbili. Unakaza kwa spana, dada,
huna taabu ya kamba."
Kwetu hakuna spana.
Kamba, hata mwenye mimba ya miezi minane
huikaza kwa meno.

Anateremsha nyingine. Mia sita.
Ngozi nyembamba kama ahadi ya mwenye nyumba,
na ubavuni, chini ya rangi,
ukucha wangu unakutana na mshono:
vipande viwili, gundi katikati.
Rahisi huvunja upishi.
Nairudisha bila kuigonga.

Hapo ndipo ninapotoa kijiko.

Cha shaba, cha marehemu mama mkwe,
kimebonyea upande mmoja
kwa harusi zote alizozigongea.
Maana sisi hatupigi ngozi peke yake:
mmoja huibana dholaki chini ya goti,
mwenzake humkabili, akagonga mti,
ka, ka-ka, ka,
na asiyejua kuimba naye akapata kazi.

"Wateja wangu hupiga ngozi," anasema Taslim,
"wewe umekuja kununua ubao?"
Namwambia ngozi nitabadilisha.
Mti ndio nitakaozeeka nao.

Ya kwanza inajibu kama mlango wa ofisi.
Ya pili ina mafua.
Ya nne, ya tano, sizikumbuki.
Iliyonisimamisha ilikuwa chini ya gunia, imekaliwa na paka,
haina rangi, ina kovu pale tawi lilipoanzia,
pamezibwa kwa unga wa mbao.
Nikagonga.
Sauti ikatoka, ikazunguka duka, ikarudi kwake ndani.
Nikageuza upande mnene, nikanusa:
ile lami iliyopakwa ndani bado ina mafuta ya haradali.
Nikaburuta kisigino cha kiganja juu ya ngozi,
ikaguna, guuum,
mwanamke aliyenong'onezwa siri.

"Hiyo ina kasoro," akasema mwenyewe. "Hilo kovu."
"Linavuja?"
"Dholaki haivuji, dada."
"Basi."
"Elfu moja na mia moja."

Nikaanza kufungua fundo la Ramkali.
Halifunguki.
Nikavuta kwa kucha, nikang'ata.
Duka zima likaacha randa na patasi, likanitazama.
"Haya, elfu moja," akasema Taslim, kwa kunihurumia.
Nikang'ata tena.
Paka akarudi akalala juu ya dholaki.
"Mia tisa na hamsini. Dada, nikuletee mkasi?"
Sari nikatwe kwa mkasi? Nikamtazama tu.
Fundo lilipolegea tulikuwa kwenye mia nane,
na sikuwa nimefungua kinywa
ila kwa kung'ata.

Kwenye treni nimeipakata.
Mkagua tiketi anaikodolea, anauliza kama nayo imelipiwa.
Kila reli inapoungana, ngozi inatetemeka kidogo,
haijapigwa na mtu.

Jumapili tunaanza nyimbo za mehendi za binti wa Bitto.
Na mke wa mhasibu tutamwalika.
Tutampa kijiko.