Karatasi za Kufungia

Nuswaiba, mjukuu wangu, nisomee tena.
Macho yangu ya karibu yaliniaga zamani.

Gazeti la kichwa chekundu lasema:
"Jiji lasafishwa, vibanda haramu vyaondolewa Mwembe Kuku."
Vyaondolewa.
Utadhani vilikuwa na miguu,
vikaombwa kwa adabu, vikatoka.

La kichwa cha buluu lasema:
"Kilio Mwembe Kuku, tingatinga labomoa usiku."
Hili lina picha yangu, mdomo wazi.
Wanasema nalia.
Nilikuwa namwita Shekuwe
aliwahi karai langu kabla halijakanyagwa.

La tatu limetuweka ukurasa wa kumi na saba,
chini ya bei za saruji:
"Barabara kupanuliwa, wafanyabiashara wapongeza."
Aliyepongeza ni nani? Soma jina.
"Mmoja wao, ambaye hakutaka kutajwa."
Sisi tuko thelathini na mmoja,
na simjui hata mmoja asiyependa kutajwa.

Na umri wangu je?
Hili: ajuza wa miaka sabini.
Lile: mama wa watoto wanne, hamsini na mbili.
Mimi nina sitini na moja, na watoto watatu.
Labda wa nne ni karai.

Hakuna aliyeandika
kwamba mafuta yalikuwa bado yana moto,
yakamwagika njiani,
na askari wa kwanza kuteleza nikamdaka mkono
kwa mazoea, kama mtu anavyodaka mtoto.
Hayo hayamo.
Hayana upande, yakakosa kichwa.

Haya, kunja.
Leo tunapikia barazani kwa Bwana Famau,
viazi karai, ukwaju kando,
na wateja wamefika kwa kufuata harufu.
Chana jekundu, chana la buluu,
tandika moja juu ya jingine.

Tazama mafuta yanavyopenya:
karatasi yageuka kioo,
"vyaondolewa" yachungulia ndani ya "kilio",
na uso wangu, mdomo ule ule wazi,
umepigwa mihuri ya bei za saruji.

Mteja wa kwanza, kijana wa bandarini,
anakula wima, anasoma huku akitafuna.
"Mama, mambo haya ya Mwembe Kuku,
hasa ilikuwaje?"

Namwongezea ukwaju.
Kula kwanza, mwanangu.
Vingali moto.