Kiungo

Saa kumi na moja alfajiri, Gikomba.
Nakata waya wa robota kwa koleo la fundi wa baiskeli.
Watu wa kamera wameshafika na tochi za simu,
wanataka kuchagua kabla jua halijachagua.
Robota zima ni jezi:
za shule nisizozijua, za timu zilizokufa,
za harambee ya mbio za kuchangia figo ya mtu.
Navuta moja ya kijani, namba sita.
Mgongoni, herufi za kushonwa, si za kupigwa pasi:
LUMADEDE.

Naikalia.
Hii haiuzwi, nasema,
na mtu anacheka, akidhani napandisha bei.

Rispa Lumadede, wa nyumba za reli, Makongeni.
Mimi nilikuwa mshambuliaji, yaani mtu wa kusubiri.
Yeye alikuwa mtu wa kujua.
Mbio hakuwa nazo. Kocha Shisanya alisema,
huyu akifukuzwa na kobe
atatoa pasi kabla kobe hajafika.
Kiungo, wakamwita, nami nikamcheka:
kiungo ni cha mchuzi, ni bizari na dania.
Akanijibu huku akifunga kamba, bila kuinua kichwa,
"Kiungo ni hapa," akagonga goti,
"mahali mifupa miwili inapokubaliana."

Barua ya chuo ilikuja Februari. Ohio.
Tuliitafuta kwenye ramani ya darasani;
mchwa walikuwa wameanza kula Marekani
kutokea upande wa magharibi.
Chama cha mama yake kilichanga nauli.
Mimi nilitoa soksi zangu za Jumapili.

Miaka minne alipiga simu usiku wetu, mchana wao.
Alisema nyasi za huku unaogopa kuzitemea mate.
Alisema theluji ikianguka tunacheza ndani ya ghala,
mpira unalia kama sufuria.
Alisema wamenipa unahodha na jina limewashinda,
wananiita Lu.
Alisema mabao saba, pasi za mabao thelathini na moja.
Zile saba nilimpigia makofi.
Zile thelathini na moja nilizihesabu kama madeni,
maana kila moja ilipokelewa na mtu
aliyesimama mahali pangu.

Kisha timu ya kulipwa,
mkataba wa miezi minane, mji wa viwanda vya matairi.
Mshahara, alisema, ungenitosha kama ningekuwa sili.
Msimu wa pili, dakika ya sabini,
hakuna aliyemgusa. Aligeuka tu,
kama mtu aliyesikia jina lake likiitwa kwa ukamilifu,
na kiungo kikamkana kiungo.

Baada ya hapo simu zikawa fupi.
Kazi ya duka la dawa. Baridi. Wasalimie.
Halafu Krismasi tu.
Halafu sikukuu zikapita bila kusimama.

Saa nne asubuhi, biashara imepoa,
naipiga picha jezi juu ya turubai, namtumia.
Namuuliza, hii umeikimbia ama imekukimbia?
Alama mbili zinageuka buluu. Kimya.
Nauza kaptura tatu, narudisha chenji.
Jibu linaingia saa nane:
"Niliitoa kanisani, tulikuwa tunahama.
Uza. Usishuke chini ya mia tatu."
Na dakika moja baadaye:
"Mkono wa kushoto kuna doa. Ni damu ya pua, si yangu."

Nimelitafuta hilo doa. Lipo.

Jumapili tuna mechi ya kina mama,
tumbo mbele, pumzi nyuma.
Nimeivaa. Inanibana kwapani.
Mbele wamemweka msichana wa muuza mitungi,
nami nikasimama katikati,
mahali ambapo hakuna lango la kukimbilia.
Nilidhani nitaona mpira.
Niliona watu, kila upande,
mikono juu, wote wananisubiri.

Msichana akapiga kelele, "Sasa!"
Nikachelewa.
Mpira ukapita mstari, ukaangukia mtaroni.