Puuza Msuguano

Mutheu wa ghorofa ya sita ana kitabu kisicho na jalada.
Jioni, stima ikikubali, tunakaa ngazini.
Ananisomea swali kwa Kiingereza,
mimi naligeuza Kiswahili polepole
mpaka linikae begani, ninapoelewa vitu.

“Mtungi wa kilo ishirini unavutwa juu kwa kamba
inayopita kwenye kapi. Kamba haina uzito.
Puuza msuguano.”

Nikamwambia, ngoja.
Hiyo kamba isiyo na uzito inauzwa duka gani?
Yangu niliinunua Gikomba, mita thelathini,
ikinyeshewa inakunywa maji kuliko wateja wangu.
Na kapi langu, hapa Pipeline, juu ya paa la Ogeto,
linalia kama mtoto aliyeachishwa ziwa
hata nikilipaka mafuta ya kupikia.
Nani amewahi kupuuza msuguano
akabaki na ngozi ya viganja?

“Mama Kwamboka,” akasema, “ni swali tu.”

Mtihani ni Novemba. Nina miaka arobaini na mmoja.
Ada nimeilipa kwa mitungi mia tatu na kitu.
Basi nachora: mshale juu, mshale chini.
Chini uzito, niutoni mia mbili.
Juu mvutano wa kamba, mia mbili.
Kasi haibadiliki, asema Mutheu,
kwa hiyo jumla ya kani ni sufuri.
Na jasho hili linaloniingia machoni
limejumlishwa wapi?

Aprili kamba ilikatika.
Mtungi ulikuwa usawa wa ghorofa ya tano
na chini watoto walikuwa wakicheza bano.
Nilipiga ukelele wa neno moja, silikumbuki.
Juzi tumeipiga hesabu:
mita kumi na tano,
sekunde moja nukta saba.
Niliitazama ile namba muda mrefu.
Nilidhani ilikuwa zaidi. Nilidhani
nilipata nafasi ya kuomba.
Hakuumia mtu. Mtungi ulipasuka, maji yakawalowesha,
wakacheka, na bano zikaenda kila moja na njia yake
mpaka kitu kiisimamishe.
Hiyo nayo ni kanuni. Ya kwanza.

Lakini kilichoninyima usingizi ni kazi.
Kitabu kina maana yake ya kazi:
kani mara umbali, vikielekea upande mmoja.
Kuvuta mtungi ghorofa sita, mita kumi na nane,
ni jouli elfu tatu na mia sita.
Nikajisikia tajiri.
Kisha kuubeba kwenye korido ya giza, hatua arobaini,
hadi mlango wa yule dada anayelala mchana:
kani yangu inaelekea juu, mwendo unaelekea mbele,
kazi niliyoufanyia mtungi, sufuri.

Nikauliza mara ya pili.
Sufuri.
Mkono uliokufa ganzi, mfereji wa mpini vidoleni,
kuhema, kuhamisha kutoka kulia kwenda kushoto,
sufuri.

Mutheu akafunga kitabu kwa kidole ndani.
“Hakijasema huchoki,” akasema.
“Kimesema mtungi haujapata kitu.”

Nililala na maneno hayo.
Asubuhi nikachukua chaki, nikaandika ukutani:
Kupandisha, thelathini.
Korido, kumi.
Watu wakauliza, kumi ya nini?
Nikawajibu, ya msuguano,
ule mnaoupuuza.

Yule dada wa mchana alilipa bila kuuliza.
Mutheu alisoma ule ukuta akatikisa kichwa.
Nimekosea, anasema: pale koridoni
msuguano wa ndala na sakafu
ndio unaonisukuma mbele.
Bila huo ningebaki palepale mlangoni,
nikiteleza na maji ya watu mkononi.

Nimeliandika hilo daftarini, kwa wino.
Ile kumi sijaifuta.