Gitaa la Nyuma

Gitaa la besi niliuza Masasi,
nikachukua kamera kwa nusu ya bei;
nusu nyingine hadi leo nadaiwa.

Newala, kwenye banda la kubangulia korosho,
Somoe Nannauka hakuitazama lenzi.
Mafuta ya ganda yamemla vidole,
dole gumba halina tena mistari:
mashine ya benki ilimkataa mara tatu.
"Wewe si ulipiga harusini kwangu?
Lile gitaa lenu la nyuma, halisikiki,
ila likikosea, miguu inajua."
Akarudi kwenye jiwe lake. Ko. Ko. Ko-ko.

Usiku, umeme ulipokubali,
niliweka muziki chini ya mikono yake,
wimbo wangu mwenyewe, ule wa kuwaliza watu.
Nikausikiliza. Nikaona haya.
Nikaufuta.

Sasa filamu ni dakika arobaini na moja za ko, ko,
na kikohozi, na jogoo wa jirani asiyelipwa.
Tuliionyesha kwenye ukuta wa ghala la chama.
Vijana wakanung'unika: mbona haina muziki?

Somoe alikaa mbele, mkekani.
Kidole cha mguu wake kilikuwa kinahesabu.