Hodi kwa Nyundo

Nyumba hujengwa kwa msingi, huvunjwa kwa paa.
Nangolo kapanda na mtalimbo mfupi,
ang'oa misumari ya bati mmoja mmoja,
maana bati lisilopasuka lina mnunuzi Mbagala
na msumari ulionyooshwa ni msumari.

Mimi niko chini, vumbini, Mtaa wa Likoma,
kitambaa puani, katambuga miguuni,
nanyoosha misumari juu ya jiwe.
Kidole gumba hiki
kimeshakuwa cha mtu mwingine.

Wahenga walisema usipoziba ufa utajenga ukuta.
Hawakututaja sisi
tunaoamka alfajiri kuutafuta ufa,
tukaupapasa kama mganga apapasavyo mbavu,
tukiupata, sururu.

Udongo mwekundu unamwagika na fito zake.
Boriti za mkoko bado nzito, mchwa kazikataa,
wanaume wanne boriti moja, na bado tunaguna.
Tumboni mwa ukuta: kokoto,
kipande cha sahani ya maua,
sumni moja ya zamani.
Msimamizi Chiduo kaitia mfukoni bila kuitazama.

Saa saba, mihogo na chachandu,
migongo tumeiegemeza kwenye mlango
usio na nyumba.

Ukabaki ukuta mmoja, ule wa shirika.
Huku kwetu kiwanja cheupe, tajiri anataka ghorofa;
kule Bi Sikudhani anakaanga vitunguu.
"Taratibu," Chiduo kasema. "Patasi na nyundo ndogo.
Ukimtoboa huyo mama, ujira wako ndio utakaoziba."

Nikagonga mara tatu.
Sauti ikajibu kutoka ndani:
"Karibu!"

Nyundo ikabaki hewani.
Nangolo alicheka mpaka akakohoa vumbi.
Miaka kumi na moja navunja nyumba za watu,
sijawahi kukaribishwa.

"Ni sisi, mama. Mafundi wa kubomoa."
"Najua ni nyie! Toka asubuhi vikombe vyangu
vinacheza ngoma kabatini.
Nauliza, maji mnayo?"

Hatukuwa nayo.
Akamtuma mjukuu azunguke uchochoroni
na jagi la plastiki, barafu ikigongana ndani,
na bilauri moja ya watu sita.
Nilikunywa wa mwisho, na mchanga wa wenzangu.

Kisha nikarudi ukutani.
Patasi, nyundo, patasi.
Nikigonga mara tatu
nangoja kidogo
ndipo naendelea.